Mdogo Wangu Anabeti, Mimi Nahesabu Salio

Shikamoo Mama,

Mimi ni mwanamume wa miaka 44, baba wa watoto watatu, mfanyabiashara wa spea za magari Kariakoo, upande wa Gerezani. Barua hii nimekuwa nikiiandika kichwani tangu mama yangu mzazi alipofariki, na nimeona niitie kwenye karatasi kabla sijazoea tena kunyamaza.

Nianze na mdogo wangu, kwa kuwa ndiye niliyedhani ni tatizo. Ana miaka 31. Nilimnunulia pikipiki afanye bodaboda, tukakubaliana aniletee hesabu ya shilingi 10,000 kila siku, na baada ya mwaka mmoja na nusu iwe mali yake. Miezi mitano ya kwanza alileta bila kukosa. Kisha zikaanza sababu, mara tairi, mara trafiki, mara mvua, mpaka nikaja kugundua kwamba pikipiki ameiweka rehani kwa mtu wa Tandika. Fedha zote zinaishia kwenye kubeti. Alianza na mikeka ya mpira ya shilingi 500, na sasa anacheza kindege usiku kucha, ule mchezo wa kwenye simu ambao namba inapanda na mchezaji anatakiwa atoe fedha yake kabla kindege hakijatokomea. Amekopa kwenye programu za simu nisizojua idadi yake, na watu wa kausha damu wamefika mpaka dukani kwangu kumuulizia. Mwezi uliopita, wakati arobaini ya Mama haijapita hata wiki mbili, nilimtukana mbele ya wateja na vijana wangu wa dukani, nikamwita mlevi, nikamwambia asikanyage tena pale.

Jioni ile nilimsimulia mke wangu, nikitarajia anipe pole. Yeye si mtu wa maneno mengi. Aliendelea kukunja nguo za watoto, kisha akasema, "Baba watoto, mdogo wako anasubiri kindege na wewe unasubiri meseji. Tofauti ninayoiona ni kwamba wewe unashinda."

Nilikasirika, tena sana, kwa sababu mimi sibeti, sinywi wala sivuti. Natoka nyumbani saa 11 alfajiri na kurudi saa 3 usiku, siku saba za wiki, isipokuwa sikukuu za Idi. Nina duka, nina vibanda vitatu vya uwakala wa fedha, nina nyumba ya kupangisha Mbagala na hii tunayoishi Tabata, na sidaiwi na mtu. Lakini ni kweli kwamba kila unapolia ule mlio wa ujumbe wa muamala, mwili wangu mzima unashtuka. Naangalia salio nikiwa kwenye foleni ya Buguruni, nikiwa mezani, na hata msikitini nikishatoa salamu tu. Nikiamka usiku kwenda haja naangalia. Najua kwamba hakuna mtu anayenitumia fedha saa 8 za usiku, na bado naangalia. Mke wangu alipoomba simu ilale sebuleni usiku mmoja tu nilikubali, halafu nikatoka kimya kimya kwenda kukaa nayo ndani ya gari, huku nikijiona kama mwizi ndani ya nyumba yangu mwenyewe. Hospitali walinipima presha nikakutwa na 160 kwa 100, wakanipa tarehe ya kurudi, sikurudi.

Mwaka 2019 nilijiambia kwamba nikifikisha milioni 50 nitapunguza kasi na kumpeleka Mama Hija. Nikafikisha. Nikasema basi, 100. Siku hizi nimeacha hata kujitajia namba.

Mama alikuwa Kilwa. Alipoanza kuumwa mwezi wa tatu, mimi nilikuwa na kontena bandarini, na kila siku ya kuchelewa ni gharama, kwa hiyo nikajiambia nikilitoa tu nakwenda. Kutoka Mbagala Rangi Tatu hadi Kilwa hata siku nzima haiishi. Dada yetu alikuwa akinipigia na kusema njoo, nami nikawa natuma fedha, laki moja leo, laki mbili keshokutwa, na kila akisisitiza naongeza kiwango. Kontena lilitoka Jumanne. Mama alikuwa amefariki Jumatatu usiku.

Baada ya maziko dada alinikabidhi simu ya Mama. Ilikuwa na shilingi 1,840,000, yaani karibu kila nilichotuma. Dada alisema alimsihi mara nyingi azitoe, naye akajibu kwamba anamsubiri mwenye nazo aje. Hapa ndipo ninapoomba unistahimilie, maana sijamwambia mtu. Nikiwa nimeketi kwenye jamvi la msiba, mchanga wa kaburini ungali miguuni, wazo la kwanza lililonijia halikuwa la Mama. Niliwaza namna ya kulihamisha lile salio kabla laini haijafungwa.

Sijalihamisha, lakini nililiwaza, na tangu siku hiyo najiogopa. Watu wananiita mfano wa kuigwa, na msikitini wamenipa uweka hazina. Mali bila daftari hupotea bila habari, nami nimeishi kwa methali hiyo tangu mwaka ambao baba yetu alipunguzwa kazi kiwandani na mwenye nyumba wa Manzese akatutolea vyombo nje. Je, huu wangu ni ugonjwa, au ni tamaa tu na nastahili aibu yangu? Na mdogo wangu nimfanyeje, kwa kuwa sasa siwezi kumtazama bila kujiona mwenyewe?

Mwanao, Tabata

*

Marahaba, mwanangu.

Pole kwa kuondokewa na Mama, Mwenyezi Mungu amrehemu. Kabla sijajibu swali lako lolote, naomba ulitue gazeti hili uende kumtafuta mdogo wako, leo hii, usisubiri mwisho wa wiki. Kijana aliyeweka rehani pikipiki ya kaka yake, anayefuatwa na wakopeshaji mpaka kwa ndugu, aliyefiwa na mama na kisha kutukanwa mbele za watu na mtu aliyekuwa tegemeo lake, yumo katika hali ambayo wengine hukata tamaa ya kuishi. Mkae peke yenu, umwombe radhi kwa maneno ya dukani, halafu umuulize waziwazi kama amewahi kufikiria kujiua. Najua swali hilo ni zito mdomoni, na wengi wetu tunaogopa kwamba kuliuliza ni kumwonyesha mtu njia, lakini wanaofanya kazi ya afya ya akili wanatufundisha vingine: kuulizwa hakumtii mtu wazo hilo, bali humpa nafasi ya kulitua. Akijibu ndiyo, usimwache peke yake hata kwa saa moja, na umpeleke hospitali siku hiyohiyo. Mengine yote ninayoyaandika hapa chini yanaweza kungoja.

Sasa swali lako. Wazee wa pwani walipotaja uraibu walimaanisha tambuu, tumbaku na vitu vya namna hiyo ambavyo mtu alijiburudisha navyo barazani, na neno hilo halikuwa na ubaya wowote. Ubaya tumeutia baadaye, tulipoona burudani inageuka kuwa bwana wa mtu. Kwa upande wa hospitali, orodha ya kimataifa ya magonjwa ambayo Shirika la Afya Duniani liliipitisha mwaka 2019, na ambayo ilianza kutumika Januari 2022, inautaja uraibu wa michezo ya kubahatisha. Mdogo wako, basi, huenda anaugua kitu chenye jina, chenye vipimo na chenye tiba. Kupenda fedha na kufanya kazi kupita kiasi havimo katika orodha hiyo kama uraibu, na daktari mwaminifu hatakuandikia cheti chenye maneno hayo. Lakini usilichukue hilo kama ushindi dhidi ya mke wako, kwa sababu yeye hakuwa anasoma orodha ya magonjwa. Alikuwa anaitazama mikono yako, na alichokiona kwenye mikono hiyo ni sahihi.

B. F. Skinner, mwanasaikolojia wa Marekani, aliwafundisha njiwa kudonoa kitufe ili wapate punje. Njiwa aliyezoea kupata punje kila anapodonoa aliacha mapema punje zilipokatwa, ilhali yule aliyekuwa akipata bila mpangilio, mara hii anapata, mara tano hapati, aliendelea kudonoa muda mrefu hata pale ambapo hapakuwa tena na kitu cha kupata. Kindege cha mdogo wako kimejengwa juu ya kanuni hiyo kwa makusudi. Simu yako imeifuata bila mtu yeyote kukusudia, kwa sababu wateja hawana ratiba, na ujumbe unaweza kuingia sasa hivi au usiingie hadi alasiri. Baadaye mtafiti Wolfram Schultz alipima kwenye ubongo wa tumbili zile chembe zinazotoa dopamini, kemikali ya ubongo inayohusika na hamu, akaona kwamba mnyama akishaijua ishara inayotangulia juisi anayopewa, chembe zake huchangamka kwa ishara, na juisi yenyewe inapofika hazishtuki tena. Soma barua yako kwa jicho hilo. Unaeleza jinsi mwili unavyoshtuka kwa mlio, lakini siku milioni 50 ilipotimia umeiandika kwa neno moja tu, "nikafikisha", kama mtu anayetaja kituo ambacho daladala ilipita bila kusimama.

Vijana wanaotumia unga katika mji huu wanayaita mateso ya kuukosa arosto. Ulipotoka saa 8 za usiku kwenda kukaa garini na simu, hukutafuta fedha, kwa sababu mwenyewe umesema ulijua hakuna fedha itakayoingia. Ulikwenda kutuliza arosto. Hii ndiyo alama ninayokuomba uishike, kuliko ukubwa wa akaunti au wingi wa saa za kazi. Mfanyabiashara anayependa kazi yake huangalia daftari ili afanye uamuzi fulani, na akishaufanya hulifunga. Wewe unalifungua pale ambapo hapana uamuzi wa kufanya, unavunja ahadi uliyompa mke wako ili ulifungue, na unaona aibu huku unalifungua. Mtu wa mvinyo angeielewa barua yako bila kueleweshwa zaidi.

Hata hivyo sitaki ujilaumu kama mtu aliyeuzua ugonjwa huu peke yake. Mimi ni wa rika lililofundishwa Azimio la Arusha shuleni. Azimio lile la mwaka 1967 lilisema kwamba tulikosea kuichagua fedha kuwa silaha yetu, na liliwakataza viongozi kupokea mishahara miwili au kuwa na nyumba za kupangisha. Mwaka 1991 masharti hayo yalilegezwa kule Zanzibar. Siwaambii watu warudi kule, maana nilipanga foleni za sukari na sabuni na ninazikumbuka vizuri. Ninachosema ni kwamba katika umri wa mtu mmoja tumehama kutoka nchi ambayo mtu aliificha mali yake hadi nchi ambayo mtu anaficha kwamba hana. Watu wanakopa ili wachange harusi, wanakopa tena ili wavae sare ya harusi hiyo, kisha wanalala wakitazama kwenye simu harusi za wengine. Katika mji kama huo uraibu wa mdogo wako unaitwa ulevi na wako unaitwa juhudi, na badala ya mtu kukushika bega akuulize una nini, unapewa uweka hazina. Mke wako alipotamka kwamba wewe unashinda alitaja hasa sababu iliyofanya usionekane mgonjwa kwa miaka yote hii.

Na ulianzia wapi? Barua yako ina kurasa nne. Kontena umelipa mistari sita na pikipiki umeipa minane, lakini siku mliyotolewa vyombo nje umeiweka ndani ya sentensi moja, tena mkiani mwa methali, kana kwamba ulitarajia nipite bila kuiona. Nakadiria ulikuwa mtoto wa miaka kumi na kitu, maana miaka ya 1990 ndipo mashirika na viwanda vya umma vilipokuwa vikiuzwa na wafanyakazi wakipunguzwa kwa mamia. Mtoto anayeona kitanda cha wazazi wake kimeegemezwa ukutani uchochoroni, majirani wakitazama na baba hana la kusema, hujifunza jambo siku hiyo ambalo hakuna shule itakayolifuta kirahisi. Hujifunza kwamba nyumba ni kitu kinachoweza kukutoka mchana kweupe. Mwenyewe unasema ndipo ulipoanza kuishi kwa daftari, na ninaamini umekuwa ukihesabu tangu siku ile. Salio unaloliangalia usiku ni mlango unaoukagua kama umefungwa. Ndiyo maana milioni 50 haikukutuliza, wala 100 haitakutuliza, kwa kuwa yule mtoto wa Manzese hakuwa na upungufu wa milioni 100. Alikuwa na hofu, na hakuna aliyeketi naye akazungumza naye kuhusu hofu hiyo. Nathubutu kukisia kwamba hata mke wako hajawahi kuisikia habari ya siku ile kwa ukamilifu wake. Msimulie. Mweleze kitanda kilivyokaa, nani alipita, mlilala wapi usiku ule, Mama alisema nini. Hiyo ni kazi ngumu kuliko kutoa kontena, na ninaiweka mbele ya kila shauri jingine ninalokupa kuhusu nafsi yako.

Kuhusu wazo lililokujia kwenye jamvi la msiba, nakuomba usijihukumu kwalo kama tendo. Mkono uliozoea kwa miaka mingi kufanya jambo moja kila unapoona salio uliinuka wenyewe, nawe ukauzuia. Lichukue kama kipimo kinachokuonyesha ugonjwa ulipofika, kama ile 160 kwa 100. Aibu unayoisikia ni ya mtu aliye hai. Ulipokuwa madrasa bila shaka ulihifadhi Sura ya At-Takathur, inayowasema watu walioshughulishwa na kutafuta wingi mpaka wakayafikia makaburi. Wewe umelifikia kaburi la mama yako na umeshtuka ungali na nguvu za kurudi nyumbani.

Fedha ile ya Mama isikae kwenye simu na isiingie dukani kwako. Si yako tena, ni mirathi. Mkutane ndugu wote, mchukue cheti cha kifo kutoka RITA, wakala wa serikali wa usajili, mteue msimamizi na kumthibitisha mahakama ya mwanzo, kisha kampuni ya simu iiachie fedha kwa utaratibu wake. Madeni ya Mama yakishalipwa, kinachobaki kigawanywe kwa hesabu ya dini yenu, na kwa hesabu hiyo mdogo wako uliyemfukuza dukani ana fungu sawasawa na lako. Nakushauri ulitamke jambo hilo mbele ya dada yenu na mbele yake, ili ajue kwamba katika familia hii bado anahesabiwa, hata kama mtakubaliana pamoja naye kwamba fungu lake alitunze dada mpaka atakapopata nafuu.

Nakuja kwenye simu. Sikushauri ufunge vibanda au uuze duka, kwa sababu mtu anayebomoa biashara yake kwa majuto huijenga tena kwa hofu kubwa zaidi. Nakushauri uiachanishe biashara na mfuko wako. Laini za uwakala na za duka zikae kwenye simu za dukani, mikononi mwa kijana unayemwamini, na simu hizo zilale dukani. Wewe ubaki na laini moja ambayo wanaijua ndugu na watu wachache, na miamala isiingie humo. Daftari lifungwe mara moja kwa siku, saa 12 jioni, kwa karatasi na kalamu, na likishafungwa lisifunguliwe mpaka asubuhi. Mali bila daftari hupotea bila habari, ni kweli, lakini methali hiyo haikumtaka mwenye mali alale na daftari kifuani.

Kisha kwa Ijumaa tatu mfululizo, ukitoka kuswali Ijumaa usirudi dukani. Nenda nyumbani, mkabidhi mke wako simu hata ile moja, na usiishike mpaka Jumamosi asubuhi. Nakutahadharisha kwamba Ijumaa ya kwanza itakuwa mbaya. Utakuwa na hasira isiyo na sababu, utakumbuka mteja wa Mbeya ambaye lazima umpigie, na kichwa kitakupa hoja nzuri sana za kwa nini wiki hii si wiki ya kuanzia. Hoja hizo ni arosto inayojua kuongea, kwa hiyo usibishane nazo. Keti, kunywa maji, wasaidie watoto kazi za shule. Ikiwa Ijumaa tatu zitakushinda kabisa, hapo utakuwa umejua kwamba unahitaji mtu wa kukushika mkono, na hospitali kubwa za mji huu zina wataalamu wa afya ya akili ambao hawatashangaa kukuona. Kwenda kwao usikuone kuwa ni aibu kubwa kuliko kukaa garini saa 8 za usiku.

Presha nayo irudie kliniki wiki hii. Saa 11 alfajiri hadi saa 3 usiku kwa siku saba ni saa 112 kwa wiki. Mwaka 2021 Shirika la Afya Duniani na Shirika la Kazi Duniani walitoa matokeo ya utafiti wao: wanaofanya kazi saa 55 au zaidi kwa wiki wana hatari ya kupata kiharusi iliyo juu kwa asilimia 35, na ya kufa kwa ugonjwa wa moyo iliyo juu kwa asilimia 17, wakilinganishwa na wanaofanya saa 35 hadi 40. Hata tukiondoa foleni za Buguruni, wewe umeizidi hiyo 55 kwa mbali sana.

Turudi kwa mdogo wako, na hapa nitakuwa mkali kidogo, kwa sababu utaona vishawishi viwili, na vyote viwili ni vya mtu wa fedha. Cha kwanza ni kumlipia madeni yote kwa mkupuo ili aibu iondoke dukani, jambo ambalo litamrudisha kwenye kindege akiwa amesafishiwa njia. Cha pili ni kumwachia azame ili ajifunze, na uraibu haufundishiki kwa kuzama. Keti naye na karatasi, aorodheshe kila deni, la kwanza hadi la mwisho, bila wewe kuguna. Kisha myatenganishe madeni hayo katika aina mbili. Wakopeshaji wenye leseni wanasimamiwa chini ya Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018, na hao mnaweza kwenda kuomba marejesho yapangwe upya. Kuna pia programu zisizo na leseni, na mwaka 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilitangaza orodha yake na kuwaonya wananchi. Angalieni kama waliomkopesha wamo. Yeyote anayewatumia ndugu na marafiki ujumbe wa kumdhalilisha mdaiwa anacheza na taarifa za watu, ambazo zina sheria yake tangu mwaka 2022 na Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya kupokea malalamiko, kwa hiyo hifadhini jumbe zote. Deni halifutiki kwa malalamiko hayo, lakini vitisho vinaweza kukoma, na kijana akilala usiku ataweza kufikiri mchana.

Aombe kwa maandishi akaunti zake za kubeti zifungwe, na kwa muda fulani laini yake ya fedha iwe mikononi mwa dada au mwa mke wako, si mikononi mwako, kwa maana wewe na yeye mkishikiana fedha mtarudi kuwa bosi na mtu wa kuleta hesabu. Mpeleke aanzie hospitali ya Amana, Temeke au Mwananyamala, au Muhimbili kwenyewe, aonane na wataalamu wa afya ya akili. Tiba yake kubwa ni mazungumzo ya mara kwa mara yanayomsaidia kutambua saa na hali inayomtuma kucheza, na inahitaji wiki nyingi. Ataanguka njiani, pengine zaidi ya mara moja. Akianguka, mwambie kwamba nawe Ijumaa ya kwanza ulitaka kupigana na mkeo kwa ajili ya simu. Hakuna mtu mwingine Dar es Salaam nzima anayeweza kumwambia maneno hayo akaaminiwa.

Uweka hazina wa msikiti urudishe kwa heshima. Si kwamba nakushuku. Ni salio jingine la kuangalia, nawe kwa sasa unayo ya kutosha.

Uniandikie baada ya Ijumaa ya tatu. Duka limeingiza kiasi gani sihitaji kujua. Nieleze kama mke wako amekwisha kuisikia habari ya Manzese, na kama mdogo wako alikuja kula nanyi.